Tajiri wa Vidonge na Jitu Lenye Jino Bovu

Mwaka 1923, wakati sinema zilikuwa bado hazijapata sauti, Wamarekani waliletewa picha ya kuchekesha iliyoitwa Why Worry?, maana yake Ya Nini Kuhangaika? Aliyecheza sehemu kuu alikuwa Harold Lloyd, yule mchekeshaji wa miwani ya mviringo ambaye katika miaka ile alishindana na Charlie Chaplin na Buster Keaton kwa kupendwa na watu. Humo yeye ni Harold Van Pelham, kijana mwenye mali nyingi, asiye na kazi ya kufanya na asiye na ugonjwa wowote. Jambo hilo la mwisho ndilo asilolijua. Anaamini kwamba moyo wake umechakaa na kwamba siku zake zinahesabika. Basi husafirishwa kama yai: kiti cha magurudumu, muuguzi wa kumshika mkono, mtumishi wa kubeba mizigo, na vidonge vya kutosha kumlisha mtu badala ya chakula. Anapelekwa Paradiso, kisiwa cha kubuni huko Amerika ya Kusini, akapumzike.

Paradiso si mahali pa kupumzika. Kumezuka maasi, yaliyochochewa na Mmarekani mwenzake mwenye uchu wa fedha, na mji umejaa bunduki. Watu wanakimbia, wanapigana, wanaanguka. Naye Harold anapita katikati yao polepole, akichunga mapigo ya moyo wake, asijue kuwa anatembea ndani ya vita. Anapofahamu hatimaye kwamba ziko fujo, linalomkera ni kwamba makelele hayo hayamfai mtu wa hali yake, wala si kwamba watu wanauana.

Hapana budi kusema kwamba picha hii ina kasoro yake. Wenyeji wa Paradiso wameonyeshwa kuwa ni wavivu wa kusinzia juani na wepesi wa kuasi bila sababu, kama Wazungu wengi wa Amerika ya Kaskazini walivyopenda kuwadhania jirani zao wa kusini. Mtazamaji wa leo huliona hilo mara moja. Hata hivyo kicheko chenyewe hakiwalengi wenyeji, bali kinamlenga mgeni. Mgonjwa wa namna ya Harold ana jicho moja tu, na jicho hilo limegeukia ndani. Ulimwengu mzima ukiungua, yeye atauliza kama moshi utamdhuru kifua.

Kisha anatiwa gerezani, na gerezani ndipo penye moyo wa hadithi. Humo chumbani anamkuta pandikizi la mtu, jitu ambalo kichwa chake karibu kinagusa dari, liitwalo Colosso. Sehemu hiyo ilichezwa na John Aasen, mtu aliyekuwa na urefu mkubwa sana kwa kweli, pasipo hila ya kamera. Jitu linanguruma, linagonga kuta, linatisha. Kumbe halina ubaya. Jino linaliuma.

Hebu mambo haya mawili yawekwe pamoja, maana waliotunga picha hii waliyaweka pamoja kwa makusudi. Upande mmoja yuko mtu mzima kabisa, naye ana muuguzi, ana mtumishi, ana chupa za kila rangi. Upande wa pili yuko mtu mwenye maumivu ya kweli, maumivu ambayo kila aliyewahi kuamka usiku wa manane na jino bovu anayajua, naye hana hata mtu wa kumtazama kinywani. Amefungiwa kwa sababu maumivu yake yanatisha watu. Dawa zote za kisiwa zimo mikononi mwa yule asiyezihitaji. Tiba imefuata fedha, haikufuata maumivu.

Walipokwisha kutoroka, kwa nguvu za jitu na akili ya kijana, Harold anajitolea kuling'oa lile jino. Hapo sinema isiyo na sauti huonyesha uwezo wake wote. Kamba inafungwa jinoni. Harold anavuta, jitu halitikisiki. Anavuta tena kwa uzito wake wote, anapanda juu ya mwili wa mwenziwe kama mpanda mlima, anateleza, anarudi, anaanza upya. Hakuna neno linalohitajika. Mtoto wa miaka minne ataelewa, na babu asiyesikia vizuri ataelewa vilevile. Hatimaye jino linatoka, na jitu, kwa furaha ya kupona, linakuwa mtumwa wa hiari wa yule mdogo wake. Tangu hapo wao wawili pamoja na muuguzi wanalikabili jeshi zima la waasi, jitu likibeba mzinga mgongoni kama mwanamke abebavyo kuni.

Na mgonjwa je? Mgonjwa anakimbia, anaruka kuta, anapigana, anamwokoa muuguzi wake. Aliyekuwa akisukumwa kwa kiti cha magurudumu sasa hana nafasi ya kukisia homa yake. Hakuna dawa aliyopewa iliyomponya. Kilichomponya, ikiwa neno hilo linafaa, ni kwamba kwa mara ya kwanza katika maisha yake aliinama juu ya maumivu ya mtu mwingine.

Watazamaji wengi wa siku zile hawakujua jambo moja juu ya mchezaji mwenyewe. Mwaka 1919, Harold Lloyd alikuwa akipigwa picha za matangazo akiwa ameshika bomu lililodhaniwa kuwa la mchezo. Likalipuka. Alipoteza kidole gumba na kidole cha shahada cha mkono wa kulia, na kwa muda ilihofiwa kwamba amepofuka. Baada ya hapo alicheza picha zake akiwa amevaa glavu yenye vidole vya bandia, na hakupenda jambo hilo litangazwe. Kwa hiyo mikono ile inayovuta kamba ya jino kwa bidii ni mkono mmoja mzima na mmoja uliokatika. Mtu aliyeumia kweli, naye amenyamaza, anaigiza mtu asiyeumwa anayelalamika mchana kutwa.

Mchezo wa namna hii ulikwisha kuwapo miaka mingi kabla. Mfaransa Molière aliandika mchezo wa jukwaani juu ya mgonjwa wa kujidhania, tajiri anayekamuliwa na waganga wake, na sehemu ya mgonjwa huyo akaicheza mwenyewe. Tarehe 17 Februari 1673, katika onyesho la nne, alishikwa na ugonjwa jukwaani, akamaliza kwa taabu, na usiku uleule akafariki nyumbani kwake. Alikuwa na ugonjwa wa kifua wa siku nyingi.

Sinema zilipozaliwa, wachekeshaji waliichukua habari hii upesi, kwa kuwa dawa ni kitu kinachoonekana. Chupa, kijiko, kidonge, uso unaokunjamana kwa uchungu: vyote vinasema bila mdomo. Mwaka 1911 Mfaransa mwingine, Max Linder, yule mwungwana wa kofia ndefu ambaye Chaplin alimheshimu kama mwalimu, alitoa picha fupi juu ya mtu aliyeandikiwa na daktari divai ya Bordeaux iliyotiwa magome ya mkwinini, glasi moja kila mara. Glasi iliyopo nyumbani ni kubwa kama jagi. Max anatii. Maskini, anatii sana! Baada ya muda mfupi yuko barabarani, amelewa chakari, anagombana na wakubwa wa mji, na kila mkubwa kwa hasira anamtupia kadi yenye jina lake ili wapambane kwa silaha. Askari wa polisi wanapomwokota na kuikuta kadi mfukoni, wanadhani yeye ndiye mheshimiwa mwenye jina hilo, wanampigia saluti na kumpeleka kwa heshima kwenye nyumba isiyo yake.

Katika picha hiyo liko jambo la kuwagusa watu wa nchi hizi. Mkwinini si mti wa uongo. Ulitoka milima ya Andes huko Amerika ya Kusini, na mwaka 1820 wataalamu wawili wa Ufaransa walipata kutenga ndani ya magome yake kile kiitwacho kwinini. Wajerumani waliupanda Amani katika milima ya Usambara, na huko Kivu mashamba yake yalifanywa makubwa. Roho za watu wengi wenye malaria zimeokolewa nao. Lakini Max hakuwa na malaria. Dawa ya kweli, ikipewa mtu asiye na ugonjwa wake, tena ndani ya glasi ya divai, ilikuwa biashara ya ulevi iliyovaa koti la daktari. Tapeli wa dawa si lazima auze unga wa mahindi. Mara nyingi huuza kitu chenye nguvu kwa mtu asiyekihitaji.

Chaplin naye alilifikia jambo hilo kwa njia yake mwaka 1917, katika picha iitwayo The Cure. Mlevi anapelekwa penye chemchemi ya maji yasemekanayo kuponya kila kitu, na sanduku lake limejaa chupa za pombe. Mwenye mahali hapo anaamuru zitupwe. Mtumishi anazitupa dirishani, zikaangukia ndani ya chemchemi. Kuanzia hapo wagonjwa wote wanayasifu maji yale kwa furaha ambayo hawajapata kuwa nayo.

Harold Lloyd mwenyewe, mwaka mmoja kabla ya safari ya Paradiso, alikuwa amesimama upande wa pili wa kitanda. Katika Dr. Jack ya mwaka 1922 yeye ni daktari wa mji mdogo, anayetibu watu zaidi kwa uchangamfu kuliko kwa chupa. Mwanzoni anaitwa mbio mbio kwa jambo la hatari. Anafika, na kumbe aliyetumbukia kisimani ni mwanasesere wa mtoto. Daktari hacheki. Anamtoa mwanasesere, anamfanyia huduma kama mtu aliyezama maji, na mtoto anatulia. Baadaye anamkuta binti wa tajiri aliyefungiwa ndani ya chumba cha giza kwa amri ya daktari mkubwa mwenye ndevu, ambaye kwa miaka amekula fedha za familia hiyo kwa kumzuia mgonjwa asipate jua wala furaha. Sehemu ya binti ilichezwa na Mildred Davis, ambaye Lloyd alimwoa mwaka 1923. Picha hiyo ni nyepesi kuliko ile ya Paradiso, na mwisho wake una mbio na vitisho vingi kupita kiasi, lakini yule mwenye ndevu amechorwa vizuri: tapeli mwenye cheti, anayeijua njia ya kumfanya mzima adumu kuwa mgonjwa.

Watu waliocheka katika kumbi za sinema walikuwa na chupa za namna hiyo kabatini mwao. Marekani ilikuwa imejaa dawa zilizouzwa kwa matangazo ya magazeti, kila moja ikidai kutibu kuanzia kikohozi hadi ugumba. Mwandishi Samuel Hopkins Adams alizifichua mwaka 1905 katika jarida la Collier's. Dawa moja iliyosifika sana, Peruna, ilikuwa na pombe zaidi ya robo ya chupa. Dawa ya kutuliza watoto wenye kuota meno, iliyojulikana kama ya Bi Winslow, ilikuwa na mofini; watoto walitulia kweli, na wengine hawakuamka. Mwaka 1906 ilipitishwa sheria ya kulazimisha vitu kama pombe, kasumba na kokeni viandikwe kwenye chupa. Haikumkataza muuzaji kuwapo sokoni. Ilimtaka tu aseme kilichomo.

Inafaa kuuliza kwa nini watu wenye akili timamu waliendelea kununua. Jibu si upumbavu. Kwanza, magonjwa mengi huondoka yenyewe, na dawa iliyomezwa siku ya mwisho ndiyo ipewayo sifa. Pili, pombe na kasumba humfanya mtu ajisikie nafuu, hata kama kiini cha ugonjwa kimebaki pale pale. Tatu, yule muuzaji husikiliza. Humwita mteja kwa heshima, humuuliza usingizi wake na tumbo lake, na hana haraka. Katika zahanati yenye foleni ndefu mganga hana nafasi hiyo, na mtu aliyejaa hofu humwendea mwenye nafasi.

Kuna mtu wa kweli aliyefanana na Harold Van Pelham kwa mali yake na kwa imani yake, ila si kwa mwisho wake. Eben Byers alikuwa tajiri wa viwanda wa Pittsburgh, mwenye afya, aliyekuwa bingwa wa gofu wa Marekani katika mwaka 1906. Mwaka 1927 aliumia mkono alipoanguka kitandani ndani ya gari moshi. Akashauriwa kunywa Radithor, maji yaliyotiwa radiamu, madini yenye mionzi, yaliyokuwa yakiuzwa dola moja kichupa na William Bailey, mtu aliyejiita daktari pasipo kuwa daktari. Byers akajiona amepata nguvu. Akaendelea kunywa, akawapa na marafiki. Inakadiriwa alimaliza vichupa 1,400. Mionzi ile ilikaa mifupani mwake. Meno yakang'oka, kisha sehemu kubwa ya taya ikabidi iondolewe, na mwaka 1932 akafa akiwa na umri wa miaka 51. Miaka 5 baadaye, dawa nyingine ya maji iliyotengenezwa bila kupimwa iliua watu zaidi ya 100, wakiwamo watoto, na ndipo sheria ya mwaka 1938 ilipowalazimisha watengenezaji kuonyesha kwanza kwamba dawa haidhuru.

Mtu aliyeitazama ile picha mwaka 1923 na kumcheka kijana wa vidonge angeweza, miaka 4 baadaye, kunywa Radithor kwa imani kamili. Kumcheka mwenye wasiwasi ni rahisi. Kuutambua wasiwasi uleule ndani ya chupa ya nyumbani kwake si rahisi.

Katika nyumba za leo Van Pelham hana kiti cha magurudumu. Huenda ni shangazi mwenye mkoba wa unga wa mizizi saba, au kijana asomaye dalili za maradhi katika simu hadi usiku wa manane, kisha asubuhi anunue ndani ya basi dawa moja inayotibu sukari, mgongo, macho na upungufu wa nguvu za kiume. Muuzaji anasimama kati ya viti akitaja magonjwa mfululizo, na kila abiria husikia lake. Wataalamu hawasemi kwamba mtu wa namna hii ni mwongo. Hofu yake ni ya kweli, moyo wake hudunda kweli, na usiku halali. Huo wasiwasi wa maradhi wenyewe una matibabu yake, hasa ya mazungumzo na mshauri mwenye ujuzi, na kumzomea hakumsaidii. Baya zaidi ni kwamba hata mgonjwa wa kujidhania siku moja huugua. Familia iliyozoea kucheka malalamiko ya shangazi huchelewa kumpeleka hospitali siku ambayo uvimbe ni uvimbe. Tena fedha zilizokwenda kwenye unga wa mizizi saba zimetoka katika kibindo kilekile ambacho kingelipia kuling'oa jino la mtoto.

Muuguzi wa Paradiso, aliyechezwa na Jobyna Ralston katika picha yake ya kwanza pamoja na Lloyd, astahili kutazamwa kwa makini kuliko wengi wanavyomtazama. Yeye ndiye mwenye kubeba vidonge. Anajua tangu mwanzo kwamba bwana wake hana ugonjwa. Hamdhihaki, wala hamtii kila neno. Anampa maji, anamfuata, anangoja, na uvumilivu wake una kikomo. Hasira yake ikiwaka, kijana anashangaa kama aliyeamshwa usingizini. Hapo ndipo anapotambua kwamba anampenda, na anamlaumu kwa kutomwambia mapema, kana kwamba hata penzi lake mwenyewe lilikuwa dalili ambayo muuguzi alipaswa kuipima na kuiandika.

Picha nzima ni ya muda wa saa moja hivi, na bado yaonekana mahali pengi. Maandishi ya Kiingereza yanayotokea kati ya matendo ni machache na mafupi. Mtu mmoja mzima akiyatafsiri kwa sauti, nyumba yote itafuata. Watoto watamtaka jitu. Nao watampata hadi mwisho, kwa sababu Harold anapomaliza mambo ya Paradiso anarudi nyumbani Marekani, anamwoa muuguzi, anafanya kazi ofisini kama watu wengine, na siku anapopata habari kwamba amezaliwa mtoto anatoka mbio kwa miguu yake katikati ya magari. Njiani yuko askari wa usalama barabarani aliyewapita wote kwa kimo, amevaa sare, ananyoosha mkono na magari yote yanasimama.